Mtani Wangu wa Benchi la Mbele

Katekista alifunika madirisha ya ukumbi wa kigango kwa maturubai ya kuanikia mpunga, akawasha filamu. Ilikuwa ya mji wa mbali, vita vimeupiga, sasa watu wanaanza kujenga. Wanaokota matofali kwenye kifusi, wanayakwangua saruji ya zamani, wanayapanga upya. Wenzangu walilia. Mimi niliangalia tu.

Tulioitwa ni sisi tuliochomewa madungu bondeni, vile vibanda vya nguzo ndefu tunavyohamia msimu wa mpunga. Mume wangu alikuwa amelala ndani ya la kwetu. Walioleta moto ni wafugaji, hilo kila mtu analisema. Lisilosemwa ni kwamba mashamba yale waliuziwa, na aliyewauzia ni mwenyekiti wa kitongoji, yule yule aliyetugawia sisi. Siku hiyo naye alikaa benchi la mbele, kofia magotini.

Kwenye filamu mama mmoja alisimama mbele ya nyumba inayopigwa lipu, akanyoosha kidole. Msimuliaji akatafsiri: aliyemuua mwanangu anakaa pale, ng'ambo ya barabara. Hakuna aliyemnyamazisha. Kumbe inawezekana. Nami nilitaka hilo tu, lisemwe mbele ya watu.

Filamu ilipoisha katekista akauliza nani ana neno. Nikasimama.

"Mwenyekiti, bonde uliliuza wewe. Mume wangu umemuua wewe."

Mzee mmoja nyuma akaangua kicheko. "Watani hao, wameshaanza!"

Ukumbi mzima ukacheka. Nilikuwa nimesahau. Babu zake na babu zetu walipigana zamani, kwa hiyo mimi na yeye ni watani. Hata siku ya mazishi alishuka akalala kaburini mwa mume wangu, akagoma kutoka mpaka apewe kuku. Tukampa.

"Sitanii," nikasema. "Nasema kweli."

"Si ndivyo watani mnavyosema siku zote!" akajibu shemeji yangu, mdogo wa marehemu, akijifuta machozi ya kucheka.

Mwenyekiti akaja akanishika mkono. "Mtani, nimekoma. Nikifa usinizike, nitupe mtoni niliwe na mamba."

Wakacheka tena. Kiganja chake kilikuwa kimelowa jasho. Nikauacha mkono wangu humo mpaka alipouachia mwenyewe, kisha tukaenda kunywa chai.