Sauti ya Mama Nyuma ya Magitaa

Mama yangu ni dobi, anapiga pasi mashati ya watu tangu asubuhi hadi jioni. Lakini kabla hatujazaliwa aliimba roki! Naam, roki, magitaa ya kupasua paa! Bendi moja ilimwita studio aitikie kwenye wimbo wa mwisho wa albamu yao. Jina lake halikuandikwa kwenye jalada.

Kaka yangu, tunayemwita Hakimu kwa kupenda kukata kesi zisizomhusu, hajawahi kuamini. Albamu ile anayo kwenye simu, nakala ya nakala, sauti imebanwa mpaka ngoma zinasikika kama mtu anagonga sufuria. "Mama, uko wapi humu?" humtania kila tukikutana kwake kula sikukuu. "Umejificha chini ya ngoma?" Wajukuu hucheka. Mwaka huu nikaona Mama hajibu tena, anatabasamu tu na kuendelea kupakua chakula. Liliniuma hilo, wee! Mtu anaporwa ujana wake na wanawe mwenyewe!

Juzi nikakuta albamu imetolewa upya kutoka kwenye kanda ya studio, sauti kamili, haijapunguzwa hata chembe. Niliruka kwa furaha! Nikainunua, nikamwita Hakimu mbio pale dukani kwa Mama, nikawasha spika yangu isiyo na waya. Tukatega masikio. Wapi! Magitaa matupu.

"Kesi imefungwa," Hakimu akasema. Mama akarudi kwenye pasi yake. Nilitamani ardhi inimeze.

Fundi simu wa mlango wa pili alikuwa amefuata suruali yake. Akatikisa kichwa. "Dada, haraka haraka haina baraka. Spika hiyo inaibana sauti upya. Umeteka maji safi, ukayapitisha kwenye bomba chafu." Akaenda kuleta hedifoni zake kubwa za waya, akazichomeka, nikavaa.

Mungu wangu! Kila chombo kilikuwa na mahali pake! Nilisikia vidole vikiteleza kwenye nyuzi, nikasikia mtu akivuta pumzi kabla ya kuimba. Na kule nyuma, upande wa kushoto, mwanamke anaitikia kwa mkwaruzo uleule ulioniita nikaoge utoto wangu wote.

"Ni yeye!" nikapiga kelele. "Haki ya Mungu, ni Mama!"

Hakimu akanipokonya hedifoni. Akasikiliza, akarudisha wimbo nyuma, akasikiliza tena, mdomo wazi. Kisha akazivua na kumvalisha Mama mwenyewe.

Mama akafumba macho, akaanza kuitikia pamoja na yule msichana wa studio, kwa sauti, mbele za wateja! Suruali ya fundi ikaanza kutoa moshi chini ya pasi na hata fundi mwenyewe hakujali. Tulikuwa tunapiga makofi.

Wimbo ulipokwisha, nikangoja amkomeshe Hakimu kwa maneno. Hakumkomesha. Alimshika mkono tu, machozi yakimtiririka.

"Kumbe kweli niliimba," akasema. "Mwanangu, nilishaanza kudhani niliota."