Kiti cha Shangazi

Siku ile uani kwetu, mtaa wa Awindiri, tulikuwa wanne: Shangazi, aliyetuchukua kutoka Koboko wazazi wetu walipofariki, mdogo wangu wa kiume, jirani yetu Mkongomani muuza vyuma vikuukuu, na mimi, dada mkubwa, niliyeacha shule darasa la sita nikajifunza kutengeneza simu.

Magoti yalikuwa yamemfungia Shangazi nyumbani tangu mvua zianze. Alitaka misa ya kanisa la Ediofe, lakini kusukumwa kwenye kiti cha magurudumu hakutaka. "Mimi siko gunia," alisema.

Kwa jirani nilipata skuta mbovu, ile ambayo vijana husimama juu yake na kuinama mbele ili iende. Bodi yake ya umeme ilikuwa nzima. Nikaichomoa pamoja na magurudumu yenye mota, nikavifunga kwenye kiti cha mbao. Vibodi vyake viwili vidogo vinavyohisi mwinamo nikavikaza chini ya ubao wa kukalia, uliocheza juu ya springi. Shangazi akiinama, kiende. Akikaa wima, kisimame.

Nilisahau kwamba Shangazi hasalimii mtu bila kuinama.

"Umeamkaje, baba?" alimwambia jirani, na kiti kikamwendea. Jirani akaruka kando. Shangazi akainama kumwomba radhi, kiti kikamfuata hadi akapanda juu ya kinu cha kutwangia.

"Mama, salamu imetosha," alisema jirani kutoka juu ya kinu. "Hii kiti iko inatafuta mutu."

"Dada," mdogo wangu akasema, "sekondari tunasoma mota. Adabu ya Shangazi hatujaifikia."

Shangazi akashuka. Akasema Mungu anasikia hata kutoka Awindiri, akaingia ndani. Mdogo wangu akaacha kucheka.

Nilivitoa vile vibodi chini ya ubao nikavifunga kwenye mpini wa springi nilioweka pembeni mwa kiti: ukiusukuma mbele kiti kinaenda, ukiuachia kinasimama. Kisha nikambembeleza Shangazi amsalimie jirani tena. Jirani alikubali, ila akiwa juu ya kinu.

Jumapili alijiendesha mwenyewe. Mimi nilitembea nyuma, mikono mgongoni kama nilivyoamriwa. Kwenye lango la kanisa aliinamia kila mtu, na kiti kikatulia.

"Shangazi," nikamwambia, "sasa deni langu la kulelewa limekwisha?"

Alinitazama kama aliyeulizwa bei na mtoto.

"Gari lilipotufia njiani kutoka Koboko, mdogo wako nilimbeba mgongoni, wewe begani. Na ulikuwa unakoroma. Hapa umenifikisha Ediofe tu, mwanangu. Koboko bado iko mbele."