Jina Lililopanda Baada ya Sauti ya Théogène

Mwito mmoja mrefu, unaoanzia chini kifuani na kukatika mwishoni, kana kwamba mwenyewe amezuia kicheko. Hivyo ndivyo Théogène alivyoita ng'ombe jioni katika vilima vya Kirolirwe, na mkewe Nyiransabimana, akiwa bado katika shamba la maharage, alijua ni wakati wa kwenda kuwasha moto.

Siku moja vijana wa Goma walikuja kuurekodi mwito huo kwa ajili ya mchezo wa simu, mchezo wa kuchunga ng'ombe mlimani. Walipomaliza, mmoja aliuliza, "Papa, tuandike hii iko ya nani?" Théogène alijibu kama mchungaji yeyote wa kule anavyojibu akiulizwa njiani: alimtaja mwenye ng'ombe.

"Ya Papa Jean-Bosco."

Hakuwaza kwamba katika kundi lile kulikuwa na kitu chake mwenyewe.

Théogène alikufa kwa homa wakiwa wamekimbia vita. Hakuna picha yake iliyobaki. Umebaki mchezo; ukifunguliwa, mwito wake unasikika, kisha majina yanapanda kwenye kioo cha simu: Sauti, Jean-Bosco Ndagijimana.

Nyiransabimana aliposikia kwamba mwalimu Astrid wa Masisi anaandika kitabu cha historia ya michezo ya video iliyotengenezwa Kivu, alimwendea amwambie kwamba sauti ile ni ya Théogène.

"Mama, mi nakuamini," Astrid alisema. "Lakini kuamini haiko source ya kuandika mu kitabu. Générique, ile orodha ya majina, inasema Jean-Bosco. Wale bana ba Goma nimewatafuta, hakuna mwenye anajibu. Rekodi zao ziliibiwa pamoja na kompyuta yao."

"Muke anaweza kosa kujua sauti ya bwana yake?"

"Anaijua. Ila mwenye atasoma kitabu hakujui wewe. Jean-Bosco mwenyewe aseme haikuwa yeye, nitaandika. Kitabu kinaenda kuchapwa mwezi hii."

Jean-Bosco alikuwa amehamia Ntoto, huko Walikale. Nyiransabimana alipanda pikipiki hadi tope lilipoikatalia, akamaliza kwa miguu. Alimkuta mzee akiuza chumvi na sabuni juu ya meza ndogo.

Alipoambiwa habari, mzee alicheka. "Mimi niite ng'ombe? Hata imbwa yangu ilikuwa inanikatalia."

"Basi, Papa, tupigie mwalimu simu, useme vile."

Kicheko kikaisha. Mzee akapanga sabuni ambazo zilikuwa zimepangwa tayari.

"Ng'ombe zote zilichukuliwa," alisema. "Nyumba iliungua. Wajukuu yangu banafikiri nabadanganya, ati sikukuwa na hata ndama. Nikifungua ile jeu mu simu, jina langu linapanda, njo wananyamaza. Dada, na pale unataka kunitosha, jina langu litoke?"

Mzee alimfungia chumvi kwenye karatasi. Nyiransabimana aliipokea, akashukuru, akageuka kuifuata njia ileile ya tope.

Kule Masisi, Astrid hakuhitaji kuuliza. Aliliona jibu usoni mwake.

"Nitaandika venye générique inasema," alisema. "Unisamehe, Mama."

"Unisikilizishe tu."

Astrid aliufungua mchezo, akamwachia simu. Nyiransabimana aliibana sikioni kwa mikono miwili. Mwito ukatoka, mrefu, ukakatika pale pale ulipozoea kukatika. Hakuisogeza simu asome jina linalopanda.

"Njo yeye, bwana yangu," alisema, kwa sauti ndogo ambayo hata Astrid hakuisikia.