Mung'aro na Salamu za Watu

Mimi nauza ndimu Marikiti, na meza yangu imegusana na ya Mung'aro, muuza mabungo. Nalisema hili mapema ili mtu asije akadhani haya nimeyasoma kwenye simu.

Mung'aro hamuuzii bungo mtu ambaye hajamjulia hali. Ukiuliza bei, yeye hukuuliza umeamkaje, nyumbani hawajambo, mzee wako anaendeleaje. Ndipo bei. Mwezi wa tatu alikuja msichana mmoja, Stacy, karani wa bandarini, na haraka zake.

"Bungo ni ngapi?"

"Waamkaje, mwanangu?"

"Poa. Ngapi?"

"Nimekuuliza waamkaje."

Mwenzake alikuwa akirekodi. Mung'aro alimshikilia pale dakika tatu, maswali yakafika hadi kwa shangazi wa msichana kule Voi. Hapo msichana akatokwa na machozi, maana shangazi alikuwa mgonjwa naye hakuwa amempigia. Siku ya tatu watu laki tisa walikuwa wameitazama video hiyo.

Stacy alirudi akamfungulia ukurasa, akamwonyesha pa kusoma na pa kujibu. Kosa lilifanyika hapo. Mwingine angezipita salamu za mtandaoni kama apitavyo matangazo ya redio. Mung'aro ni mtu wa Pwani. Mtu akiandika "Hujambo babu?" basi yeye amesalimiwa, na salamu haiachwi ikining'inia. Akawajibu wote, mmoja mmoja, kwa kidole kimoja.

Mashabiki walipogundua kwamba babu anajibu kweli, walileta salamu kwa magunia. Wakambatiza Babu Salamu. Wakashindana nani kapata jibu refu. Mmoja wa Kisumu aliandika kwamba alilia alipoambiwa "wasalimie nyumbani", na tangu hapo kila jibu likawa halina budi kuishia hivyo, akisahau, anakumbushwa. Akichelewa nusu siku, wanaandika, "Babu ameanza maringo." Kwetu neno hilo si dogo. Mung'aro akaongeza bidii, na mabungo yakaoza. Niliyauza niliyoweza, na wateja niliwasalimu kwa kifupi.

Niseme kweli, nilikasirika. Sikuwakasirikia watu wa simu, wao hawamjui. Nilimkasirikia yeye, kwa ajili ya Mbodze.

Mbodze ni mkewe na shoga yangu. Wanakaa Bondeni. Kwa miaka ishirini na sita Mung'aro hakuwahi kutoka nyumbani bila kumuuliza: umelalaje, na mguu je? Goti lile linamsumbua tangu mtoto wa mwisho. Kufikia mwezi wa tano Mbodze alikuwa hajaulizwa kwa siku kumi na moja. Ndani ya siku hizo daktari akamwambia goti litapasuliwa Alhamisi, aje na mtu wa kumtilia sahihi. Alimweleza mumewe mara mbili. Mara zote mbili Mung'aro alisema "eeh", macho yakiwa kwenye simu.

Jumatano jioni nilikwenda kumjulia hali. Mung'aro alikuwa mkekani, hatua tatu kutoka tulipoketi, anajibu watu. Mbodze akaniomba simu yangu. Picha yangu kule mtandaoni ni waridi tu, na jina si langu. Akaandika polepole:

"Hujambo babu? Mimi ni mke wa mtu hapa Bondeni. Mguu waniuma, kesho napasuliwa, na sina wa kunisindikiza."

Tulimwona akisoma. Alitikisa kichwa kwa huruma ya kweli, akaandika kwa muda mrefu, mpaka chai yake ikapoa. Kisha jibu likaingia mikononi mwetu:

"Sijambo, mama. Pole, na pole tena. Mwambie mumeo aache shughuli zake akusindikize. Hakuna shughuli iliyo kubwa kuliko mguu wa mke. Umelalaje leo? Wasalimie nyumbani."

Kwa robo saa jibu lile lilipata mioyo elfu mbili. Mtu wa Nakuru aliandika kwamba wanaume kama Babu Salamu hawazaliwi tena. Mwingine aliomba ajulishwe jina la huyo mume, ili apewe maneno yake.

Mbodze alisoma yote, akanirudishia simu, akamgeukia mumewe.

"Baba Kadenge, umesalimiwa."

"Na nani?"

"Na mama mmoja wa hapa Bondeni. Anaumwa na mguu."

"Ah, huyo," Mung'aro akasema, bila kuinua uso. "Nimeshamjibu."