Mizizi Kwetu, Maua kwa Rukia

Harufu ile ilianza kushuka alasiri ikishapoa, wakati wauza mihogo walipokuwa wakiwasha makaa pembeni mwa kichochoro chetu cha Mji wa Kale. Ilikuwa tamu na nzito, kama tunda lililoiva likasahauliwa kabatini. Ilitoka kwenye ua la kutambaa lililoufunika ukuta wa nyumba tuliyokaa. Jina lake hatukulijua. Tuliliita ua la Bi Salma, kwa kuwa nyumba ilikuwa yake. Yeye na mjukuu wake Rukia walikaa juu, mimi na mama tulipanga vyumba viwili vya chini. Shina lilitoka ardhini kando ya mlango wetu, nene kuliko mkono wangu. Lakini kichochoro kilikuwa chembamba na jua halikufika chini, kwa hiyo ua lilipita mbele ya dirisha letu na majani machache tu, likaenda kuchanua kwenye roshani ya Rukia. Kazi ya kulimwagilia ilikuwa yangu. Mimi nilibeba ndoo, yeye akavaa maua.

Nasema wazi: nilimwonea wivu Rukia, wivu wa kunikosesha hamu ya chakula. Tulilingana umri, na shuleni nilimshinda kila somo, lakini hakuna aliyekuja kunusa alama zangu. Ua lile hufunguka jeupe jioni, kesho yake huwa la waridi, kisha jekundu, na harufu iko kwenye yale meupe. Wasichana waliokwenda chuoni kusoma Kurani walisimama chini, karibu wakanyage kizingiti chetu, wakainua nyuso zao. “Rukia, dada, tutupie na sisi.” Hakuna aliyegeuka kutazama mlango wetu. Rukia aliinama juu ya roshani akagawa kama mwenye duka: meupe kwa wapenzi wake, ya waridi kwa wengine, mekundu kwangu.

“Haya hayanuki,” nilimwambia siku moja.

“Si wakaa na mizizi wewe? Nusa hiyo,” akajibu, na wenzake wakacheka mpaka wakashikana mabega.

Siku hiyo niliamua kuwa na ua langu. Haikuwa vigumu, maana lile lilichomoza vichipukizi popote, hata katikati ya sakafu ya uani, na mama alikuwa akivikata kwa panga. Nilimwomba kimoja, nikakipanda kwenye kopo la maziwa ya unga na kukiweka uani, mahali palipopata jua kidogo mchana. Mama alikuwa akifua. “Hilo ni gugu tu, mwanangu,” alisema. “Likishapata pa kushika halitakusikiliza.” Mimi nilikuwa nimeshawatangazia wasichana wote kwamba Idi ikifika wasimsumbue Rukia, waje kwangu. Nililitunza kuliko nilivyojitunza mwenyewe. Likatoboa kopo, likazamisha mizizi ardhini, likashika bomba la maji, likapanda. Wiki ya Idi likatoa vichala vyake vya kwanza, na vyote vilikuwa juu, vimeingia dirishani kwenye jiko la Bi Salma. Wasichana wakaja kweli. Wakasimama uani kwetu, kisha wakainua nyuso zao.

“Ahsante, dada,” Rukia aliniambia kutoka juu. “Sasa ninayo pande mbili.”

Nilipokua niliondoka Mombasa na sanduku la kuazima. Maskati nilifua mashuka ya hoteli mchana, nikasoma jioni, nikapata diploma ya usimamizi wa hoteli bila kusomeshwa na mtu. Imetundikwa sebuleni kwangu, mkabala na mlango, ili mgeni aanze nayo. Sebule yenyewe iko Ganjoni, Mombasa hiihii, ghorofa ya tatu, na nyumba ni yangu, si ya kupanga. Niliporudi nilikwenda kumwona Rukia. Bi Salma alishafariki. Ua limeinua mabati, limejipenyeza madirishani, limejaza vyumba vya juu, na Rukia amehamia vyumba vyetu vya chini. Nilidhani ningefurahi. Lakini tukiwa tumekaa barazani wakapita watoto wa chuoni, wakasimama. “Bi Rukia, twaomba maua.” Akawaelekeza kwa kidevu tu, bila kuinuka. Wivu wangu wa zamani ukarudi palepale.

“Nipe chipukizi,” nikamwambia.

“Chukua, dada. Chukua hata na nyumba.”

Nililipanda kwenye chungu kikubwa roshanini kwangu, kwa udongo bora, mahali penye jua tele. Nilisema safari hii mizizi na maua yatakaa pamoja. Likafika ukingoni, likajizungusha kwenye chuma, likaendelea kupanda. Nimelikata mara kadhaa. Hurudi na nguvu, na hurudi juu. Siku hizi jioni, nikishatoka kazini na kusimama roshanini, vijana wa mtaani husimama chini ya jengo letu, wakainua nyuso, na macho yao yakanipita. Huko juu yuko bibi harusi mmoja, kahamia juzijuzi, anawatupia. Juma lililopita aliniona, akaniinamia kwa adabu zote. “Shikamoo, dada. Ahsante kwa maua.”

Nikamwitikia marahaba. Kisha nikashuka kumuuliza msimamizi wa jengo kama ghorofa ya nne inauzwa.