Soko Lililobaki Ndani ya Harusi

Jumapili nilifungasha deki ya kanda za video nikaondoka Nakuru. Mwenye filamu niliyekuwa nikimtafutia picha za zamani alitaka kuona soko la Daraja Mbili, mjini Kisii, lilivyokuwa miaka ya tisini, na hifadhi zote za picha tulizouliza hazikuwa nalo. Mimi nilikumbuka kitu cha utotoni: misafara ya harusi ikizunguka mji huo ikipiga honi, mpiga video akirekodi kutoka dirisha la gari.

Saa nne asubuhi, Kisii. Nilimpata mpiga video mmoja wa zamani, mzee Ombui, akaniambia kanda zote aliwapa wenye harusi. Alikumbuka moja, ya Mama Kemunto wa Ikonge.

"Kijana, wewe ndiye wa kwanza kuniulizia soko," alisema. "Wengine walinigombeza kwamba nimemaliza kanda yao kwa ndizi."

Saa nane, Ikonge. Mama Kemunto alikuwa ndiyo kwanza ametoka kuchuma chai. Alinicheka kwa kubeba mzigo wote ule mlimani, kisha akaniletea ndizi za kuchemsha. Deki yake iliharibika zamani. Hata ilipokuwa nzima, alisema, aliiruka sehemu yote ya barabarani, kutoka kanisani moja kwa moja hadi keki. Mama yake, Msabato aliyeuza ndizi Daraja Mbili, alikataa kuja harusini kwa sababu bwana harusi alikuwa Mkatoliki. Alifariki bila wao wawili kulimaliza jambo hilo.

Tukaweka kanda kwenye deki yangu. Msafara ulipokaribia soko, alitaka nipeleke mbele. Nikamwomba tuache. Nilikuwa nikitazama mikungu, vibanda na mitumba iliyotandazwa chini, ndipo nikaona mwanamke amepanda juu ya kreti, akipunga leso mpaka gari la mwisho likapita. Nikauliza ni nani huyo anayefurahia harusi ya watu.

"Rudisha," alisema Mama Kemunto.

Nikarudisha mara nne.

"Huyo ni mama. Aliniambia siku hiyo alishinda shambani."

Nikanakili kanda nzima kwenye kompyuta kabla haijakatika. Sekunde zile za leso ndizo zilizokuwa nzuri kuliko zote, na nilimwambia hivyo.

"Soko chukua, ndugu yangu. Mama mwache hapa. Bado sijamwangalia vya kutosha."

Nikamfuta kwenye nakala yangu, yeye akishuhudia.

Jumanne, Nakuru. Mwenye filamu aliuliza mbona picha inaruka pale soko linapochangamka. Nikamjibu hapo pana mwenyewe. Siku hizi sichukui kanda ya mtu kabla hatujaitazama pamoja, hasa pale anapopenda kuruka.

Akauliza pia deki iko wapi. Nikamwambia iko Ikonge, inafanya kazi.