Sketi Iliyokataa Kuanguka

Naona haya hata leo kusimulia, lakini afadhali mnicheke ninyi, maana watu wa Kings Heath, kule kwa Waingereza, walishanicheka vya kutosha. Ilikuwa miaka ya sabini, mimi mwanafunzi wa Selly Oak, jirani na hapo, na mwandishi wa riwaya (isiyoisha), nikimpenda Neema, muuguzi, naye kaniambia wazi kwamba hatanikubali mpaka kaka yake Elia anione na kuniamini. Basi nikamwalika Elia kwenye ukumbi wa kanisa, Jumamosi mchana, ambako niliwaahidi Wakenya wenzetu filamu fupi ya kale, isiyo na sauti, ya wanasarakasi, nami ndiye mwendesha mashine na mwelezaji.

Mkanda nilikuwa nimeuazima, na kwa kuona aibu kuuliza unavyofungwa kwenye projekta, nikaufunga nilivyodhani. Mapazia yakafungwa, taa zikazimwa, na kwenye shuka tulilolitundika ukutani wakatokea wanasarakasi miguu juu, vichwa chini. Nilijua papo hapo kwamba nimeanzia mwisho wa mkanda, ndiyo maana kila kitu kimepinduka (mikanda ile ina matundu ya kushikwa na meno ya mashine pande zote mbili, haikatai kufungwa kinyume), na ningesema samahani yangekwisha, lakini Elia alikaa mstari wa mbele, akinitazama mimi zaidi ya filamu.

"Hawa," nikasema, "walitembea darini kwa viatu vya sumaku."

Watu wakaguna kwa mshangao, nami nikanogewa, nikaeleza damu inavyojaa kichwani na moyo unavyodunda, hadi akatokea mwanamke wa sketi ndefu.

"Na hiyo sketi," Elia akauliza taratibu, "mbona haimwangukii usoni?"

Nikasema imetiwa waya. Mara akapita mbwa, naye darini, kinyumenyume.

"Shemeji, mbwa huyo..." nikaanza.

"Shemeji bado," Elia akanikatiza. "Mbwa naye kavaa viatu?"

Ukumbi ukaangua kicheko. Neema, aliyekaa nyuma, akainuka, akawasha taa, akaniambia mbele ya wote: "Geuza mkanda. Halafu uzime mdomo, uwashe mashine."

Nikaugeuza, na safari hii nikanyamaza. Wanasarakasi wakaja wima. Mwanamke yule akapanda magoti, akapanda mabega, akasimama peke yake juu ya wanaume wawili kama moshi wa asubuhi isiyo na upepo, na aliposhuka ukumbi mzima ukashusha pumzi pamoja naye. Hata Elia alipiga makofi.

Nilikuwa nakunja shuka, nikijua nimeshakosa mke, Elia aliponijia.

"Umenidanganya mbele ya watu."

"Nimekudanganya, kaka. Niliogopa."

Akashika ncha ya pili ya shuka. "Kesho njoo ule kwangu. Ila chakula usitueleze."

Nilikwenda, nikala, sikueleza kitu. Na tangu hapo nikikosea nasema mapema, kabla sijanogewa.